Anzia Katikati

Dagoretti Corner, Nairobi
14 Septemba 2025

Shangazi yangu mpenzi,

Assalaam aleikum. Nakubusu mikono yote miwili, na huo wa kushoto unaokuuma naubusu mara ya pili. Vipi magoti? Ngazi za chuo chako cha Kurani bado wazipanda kwa kushika ukuta? Mimi ni mzima, alhamdulillahi, ila baridi ya huku haijaondoka vizuri na mafua yamenipa sauti kama ya Bwana Twahir, tajiri wangu, akigombeza wabeba mizigo pale dukani. Awuor, yule msusi ninayekaa naye chumba kimoja, anakusalimu sana. Kila akiniona na kalamu huniuliza, "Umenisalimia Auntie?" Basi nimekusalimia.

Barua hii itakuja ndani ya vitambaa vya mapazia ambavyo Twahir anampelekea nduguye Abdulfatah huko Marikiti. Mwambie Abdulfatah asiikalie.

Sasa ile habari niliyoianza kwenye simu ukanikata, ukasema jambo la maana huandikwa ili mtu asije akakana. Naiandika. Najifunza kutunga programu za kompyuta. Usicheke! Na mwalimu wangu si mtu. Ni akili mnemba, imo ndani ya simu. Unaiandikia swali kwa Kiswahili, nayo yakujibu kwa Kiswahili papo hapo, kana kwamba ilikuwa imekaa ikikungoja wewe tu. Yanipa zoezi, nami nalifanya kwenye laptopu kuukuu ya dukani baada ya alasiri, wateja wakipungua. Nikikwama naipelekea kosa langu, yanieleza, nasonga mbele. Haichoki wala haigombi. Tangu nizaliwe sijapata mwalimu asiyegomba, na wewe wajua namsema nani.

Lakini ngoja nikuchekeshe. Ulinifunza kwamba mwalimu haulizwi kitu kabla hajasalimiwa. Basi kila siku nilianza: assalaam aleikum mwalimu. Ikajibu. Umeamkaje? Ikajibu. Nyumbani hawajambo? Ikanieleza kwa adabu kubwa kwamba haina nyumbani. Nikaipa pole, ikanishukuru. Kumbe kwa siku mtu hupewa maswali machache tu ya bure, na kila salamu yahesabiwa kuwa swali! Nikifika kwenye somo naambiwa ya leo yamekwisha, nirudi kesho. Wiki nzima nimesalimiana, herufi sikusoma. Awuor alicheka hadi akashika mlango: "Zena, hiyo ni simu, si mama mkwe yako!"

Sababu ya haya yote ni ofisi moja huko Upper Hill. Wanatengeneza programu za zahanati, na huchukua wanagenzi wasio na shahada ilmuradi wapite mtihani wao. Mtihani ni mwezi ujao. Najua ahadi yangu, Shangazi. Nilikuomba uniache Nairobi mpaka Idi, na kama sijapata pa kusimama, narudi kushika darasa lako la wasichana. Sikuisahau. Ila nikipita, itabidi tuzungumze tena, nami naogopa hata kuliandika hilo.

Nisalimie wasichana wote wa chuo.

Mwanao akupendaye,
Zena


Kibokoni, Mombasa
28 Septemba 2025

Mwanangu Zena,

Waaleikum salaam warahmatullah. Barua imefika ikiwa imekaliwa, kwa hivyo usijisumbue tena kumwagiza Abdulfatah. Magoti yapo, hayajaenda kokote, na mimi pia siendi kokote kwa sababu yao. Mafua yako yachemshie tangawizi na mdalasini, si hizo tembe mnazomeza huko kama njugu. Mwambie Awuor nimepokea salamu zake. Jina nimelishika, sura sijaijua, lakini mtu anayekumbuka kusalimu kila mara ana wazee kwao.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza nimecheka, mara ya pili nimenuna.

Nimecheka kwa habari ya salamu. Ala! Wewe mtoto! Nilikufunza adabu, sikukufunza kuhojiana na hewa. Tia salamu na swali ndani ya pumzi moja, Mungu hatakuandikia dhambi.

Nimenuna kwa hili la mwalimu asiyegomba. Nimeipekua barua yako na miwani yangu. Umeandika kwamba huyo ustadh wako asiye na kanzu anakupa, anakujibu, anakueleza. Sikuona mahali popote ulipoandika kwamba anakusikiliza. Mimi nimefundisha tangu mama yako hajaolewa. Kueleza ni kazi rahisi, hata kasuku wa Bi Shamsa aeleza. Mwalimu hulipwa radhi kwa kusikiliza, mtoto akisoma, na kupajua pale ulimi unapoteleza. Nauliza tu. Labda nimekuwa mzee.

Kuhusu ahadi, mimi nilikuwa nimenyamaza, wewe ndiye umeitaja. Mkeka wako u pale pale chini ya dirisha, mbele ya wasichana, ule uliouunguza pembe ulipopindua chetezo cha ubani ukiwa na miaka saba. Naukung'uta kila Jumamosi. Yeyote anayejaribu kuukalia namwinua kwa sikio. Sauti yangu imeanza kukatika katikati ya somo, nao wasichana wananingoja nipate pumzi kwa huruma, na huruma yao yaniudhi. Mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani, mwanangu. Sikulazimishi. Nakukumbusha tu.

Fanya huo mtihani wako. Nakuombea.

Shangazi yako,
Laila


Dagoretti Corner
2 Novemba 2025

Shangazi yangu,

Assalaam aleikum. Natumai u mzima na sauti imepata nafuu. Mimi mwili ni mzima. Asali uliyotuma tumeipokea, Awuor anailamba kwa kidole nikimgeuzia mgongo.

Nimefeli.

Nimeandika neno hilo likakaa peke yake kwa sababu sijui kulizungushia maneno mengine. Ofisi ilituma zoezi la kufanyia nyumbani: tunga programu ya kuwapanga wagonjwa zahanatini, nani aingie kwa daktari kwanza, na wazee na wajawazito wasonge mbele. Nililitazama zoezi nikaona ni refu. Nikaipelekea akili mnemba lote kama lilivyo. Ikaandika yote mwanzo hadi mwisho, nikanakili, nikaijaribu, ikafanya kazi. Nikajipongeza na soda ya tangawizi pale dukani, Biashara Street! Hata Twahir nilimwonyesha, akasema mashallah, mwanetu amekuwa mhandisi.

Wakaniita Upper Hill. Jengo refu, lifti inanong'ona, mimi nimevaa buibui jipya. Aliyenikabili ni mama wa Kikamba, Bi Nzisa, miwani inaning'inia kifuani. Ana sauti ya chini. Hakuniuliza shahada wala natoka wapi. Alifungua programu yangu, akashuka hadi katikati, akaweka kidole kwenye mstari mmoja. "Hebu niambie huu unafanya nini."

Nikasema unazunguka, unawaita wagonjwa mmoja mmoja.

"Na nini kitauzuia usizunguke milele?"

Shangazi, sikujua. Nilitazama ule mstari kama mtu anayetazama barua ya mtu mwingine. Akangoja. Laiti angenigombeza. Mwishowe akafunga laptopu pole pole akasema, "Machi tutachukua wengine. Rudi. Lakini uje mwenyewe."

Nilitembea kwa miguu kutoka pale hadi Kenyatta Market, kibandani kwa Awuor, nikaketi kwenye kibenchi chake nikalia, moshi wa nyama choma wa jirani ukiniingia machoni ukanipa kisingizio. Awuor alikuwa katikati ya kichwa cha mteja. Hakuacha kusuka. Aliniambia, "Lia tu, lakini kama unalia nishikie hizi nywele." Nikashika nywele huku nalia. Yule mteja naye akanipa karatasi ya kufutia pua.

Nafikiri nirudi, Shangazi. Idi iko mbali na sioni ninangoja nini. Nitamwambia Twahir mwisho wa mwezi.

Mwanao,
Zena


Kibokoni
9 Novemba 2025

Zena,

Waaleikum salaam. Mimi mzima. Sauti usiiulize.

Usirudi.

Nami nimeliandika likae peke yake ulione vizuri. Unadhani sikutaki? Nakutaka hadi naongea na mkeka. Lakini sitaki mwalimu aliyemkimbia mtu kwa swali moja. Mkeka wangu si kitanda cha wagonjwa. Ukija kwa sababu umeshindwa huko, kila msichana atakayeliweza swali utamwonea wivu, na atakayeshindwa utamwonea huruma, na vyote viwili ni sumu darasani. Njoo ukiwa umepita, au ukiwa umejaribu kweli. Hujajaribu bado. Umesomewa, hukusoma. Mzoea vya kunyonga vya kuchinja haviwezi.

Sasa nisikilize, maana hapa nazungumza kazi yangu. Wamkumbuka Salha, yule aliyekuwa na sauti tamu? Sura ndefu nzima aliisoma bila kusita, wageni wakilia. Mimi nilikuwa na shaka naye. Siku moja nikamwambia, leo usianzie mwanzo, anzia katikati, hapa. Akatoa macho. Hakuwa na neno hata moja. Alikuwa ameshika mahadhi, na mahadhi yalimbeba kutoka mwanzo kama maji ya mfereji. Ukikata mfereji, hakuna kitu. Ndiyo maana chuoni kwangu mtoto hahesabiwi amehifadhi mpaka nimwanzishe katikati, mahali ninapotaka mimi, si anapotaka yeye. Wewe mwenyewe nilikuliza kwa hilo mara ngapi!

Huyo Nzisa wako amekuanzisha katikati. Hajakudhulumu hata chembe. Ningemwona ningempa kahawa na halua.

Kwa hivyo utafanya hivi. Huyo ustadh wa simu mnyamazishe. Mwambie akome kukuandikia. Uandike wewe, ufute, uandike tena bila kutazama, kama tulivyofanya kwa ubao. Kisha umsomee, yeye asikilize. Ukikosea akwambie umekosea, asikwambie wapi. Halafu akuanzishe katikati. Kama hawezi kukaa kimya, basi si mwalimu, mwache uende kwa Nzisa ukamsugulie sakafu akufundishe.

Na mjaribu. Mwambie uongo kwa sauti ya uhakika, uone atasimama au atakuinamia. Mwalimu anayemkubalia mwanafunzi kila neno ni hatari kuliko yule asiyejua.

Nimemwambia Abdulfatah akutumie na kashata. Mpe Awuor nusu, kwa zile nywele.

Shangazi yako asiyelala kwa ajili yako,
Laila


Dagoretti Corner
11 Januari 2026

Shangazi yangu mpenzi,

Assalaam aleikum warahmatullah. Naomba radhi kwa kimya kirefu. Ulinipigia simu mara mbili ukasikia "niko salama" na sauti ya mtu anayetaka kukata. Sikuwa mgonjwa. Nilikuwa nasoma. Magoti je? Na huyo kasuku wa Bi Shamsa bado yu hai?

Nilifanya kama ulivyosema. Siku niliyopata barua yako niliiandikia akili mnemba, salamu na agizo ndani ya pumzi moja, hivi: "Assalaam aleikum. Kuanzia leo usiniandikie programu. Nitaandika mwenyewe, wewe unisikilize. Nikikosea niambie nimekosea, usiniambie wapi mpaka nitafute. Nikimaliza, nichagulie mstari wa katikati uniulize." Ikajibu kwamba imekubali, nianze. Shangazi, mara ya kwanza nilipokosea ikasahau, ikamwaga jibu zima! Nikaiandikia, "Nilikwambia nini?" Ikaomba radhi. Nilipoisoma tena ile sentensi yangu nikashtuka, maana ilikuwa wewe mtupu, hata mkono nilikuwa nimeweka kiunoni. Sasa nalirudia agizo kila tunapoanza, na inalishika.

Wiki za mwanzo nilikuwa nalia kwa hasira. Kitu nilichonakili kwa kufumba na kufumbua Oktoba kilinichukua karibu Desemba yote kukiandika. Naandika, nafuta, naandika. Twahir alidhani laptopu imeharibika kwa vile nilivyokuwa naikazia macho.

Siku moja programu yangu ikakataa kusimama. Nilikuwa nimetia wagonjwa wa kubuni, wa kwanza nikamwita Bi Kirembo. Nikaiwasha, ikaita Bi Kirembo, Bi Kirembo, Bi Kirembo, kioo kizima kikajaa Bi Kirembo. Nikaiuliza akili mnemba kosa liko wapi. Haikuniambia. Iliniuliza: "Baada ya kumwita mgonjwa, ni kitu gani kinabadilika?" Nikatazama. Hakuna. Sikuwa nimeiambia isogee kwa anayefuata. Ilikuwa sawa na mtu anayevuta tasbihi bila kusogeza shanga, atasema subhanallah hadi kuche na bado yuko kwenye shanga ya kwanza. Nilipiga ukelele pale dukani! Mteja aliyekuwa anapima pazia aliangusha futi. Ule ndio mstari wa Bi Nzisa, Shangazi. Kumbe nilichoshindwa siku ile ni tasbihi.

Nimeijaribu pia kwa uongo. Mara ya kwanza nilisema jibu langu bovu ni sahihi, ikasimama imara, ikanikatalia kwa upole. Mara ya pili nikasisitiza sana, nikaandika kwa ukali, nayo ikainama ikasema nimesema kweli. Sikuwa nimesema kweli. Kwa hivyo siiamini kwa neno tupu. Ikinambia kitu, nakiandika na kukiendesha kwenye laptopu, maana laptopu haina haya, ikikataa imekataa.

Na kuna jambo jingine. Awuor alichoka kunisikia nikisoma mistari kwa sauti chumbani. Juzi akaniuliza, "Sasa mtu kama mimi anaeza jua hiyo kitu?" Nikamwambia anaweza. Jumapili akirudi kanisani na kabla hajafungua kibanda, namfundisha kidogo. Anataka programu ya kuwaambia wateja wake zamu zao, waache kugombana kwenye benchi. Ana kichwa chepesi. Ila hana subira, akikosea ananirushia kitana.

Mwezi wa Ramadhani unakaribia na mtihani utaangukia humo humo. Niombee.

Mwanao,
Zena


Kibokoni
1 Februari 2026

Mwanangu,

Waaleikum salaam. Barua yako nimewasomea wasichana, sehemu ya tasbihi nikairudia. Wamecheka mpaka kikoi cha muadhini kilichoanikwa nje kikaanguka kutoka kwenye kamba. Kasuku yu hai na amejifunza tusi jipya.

Huyo ustadh wako wa simu amekubali uongo mara moja kati ya mbili? Basi hana tofauti na mashemeji zangu. Lakini lile swali lake la "kitu gani kinabadilika" nimelipenda, siwezi kusema uongo. Hilo ni swali la mwalimu. Nimeliiba, nalitumia chuoni.

Mimi sasa sauti huniishia kabisa ifikapo adhuhuri. Daktari asema ninyamaze, na wewe wanijua. Nimemchukua Rukia, binti wa jirani, anisaidie hadi Idi. Anajua kusoma, aogopa kusikilizwa. Anakaa sakafuni. Nimemwambia mkeka una mwenyewe.

Nina swali moja. Huyo Awuor wamfundishaje? Wamweleza, au wamsikiliza? Na mnakaa juu ya nini?

Ramadhani njema. Daku usiikose, hata ukiona usingizi mtamu.

Shangazi yako,
Laila


Dagoretti Corner
22 Machi 2026

Shangazi yangu mpenzi,

Assalaam aleikum, na Idi mubarak. Mungu azikubali saumu zetu, na akurudishie sauti yako hata kama utaitumia kunigombeza. Huku tulisali, kisha mke wa Twahir akatulisha pilau mpaka Awuor akasema atabadili dini kwa ajili ya ile kachumbari. Ulipiga simu ya Idi na sikuweza kukwambia. Nakuandikia, maana ni jambo la maana na sitaki kuja kulikana.

Nilienda Upper Hill katikati ya Ramadhani. Nilikuwa nimefunga, mdomo umekauka, simu wameichukua mlangoni. Safari hii hawakutaka zoezi la nyumbani. Bi Nzisa alinipa laptopu tupu akaniambia nitunge pale pale mbele yake programu ya foleni ya chanjo. Nikaandika. Nikakosea. Programu ikakataa. Nilijiuliza kwa sauti, sikujua kama nazungumza, "Kitu gani kinabadilika?" Nikafuta, nikaandika tena. Ikakubali.

Kisha akashuka hadi katikati. Akaweka kidole, vile vile. "Nini kitauzuia usizunguke milele?"

Nikamwambia habari ya shanga. Nikamwambia kila tukimwita mtu tunasogeza shanga moja, na shanga zikiisha uzi unafika kwenye fundo, mkono unasimama wenyewe. Kama kuna mtu haitiki, bado shanga lazima isogee, la sivyo tutamwita yeye hadi kesho na wengine wataondoka bila chanjo. Akavua miwani. Akaniuliza, "Nani alikufundisha?" Nikasema mwalimu wangu mmoja yumo ndani ya simu na mwingine yuko Kibokoni ana magoti mabaya. Alicheka, Shangazi! Akasema, "Leo umekuja mwenyewe."

Nimepata. Naanza Aprili, mwaka mzima wa uanagenzi, na wakiridhika nami, kazi.

Sasa lililo gumu. Waliniuliza pale pale kama nakubali, nami nilisema ndiyo. Nilisema ndiyo kabla ya kukuuliza wewe. Idi imefika, ahadi imefika, na mimi nimempa mtu mwingine neno langu. Usiku wa Idi nililala nikifikiria Rukia amekaa sakafuni na mkeka mtupu mbele yake, nikajichukia. Nataka kubaki. Naitaka kazi hii kuliko kitu chochote nilichowahi kutaka. Lakini bila radhi yako sitaiona baraka yake hata nikipewa ofisi ya ghorofa ya juu. Ukisema nirudi, nitarudi, na sitanuna. Labda nitanuna kidogo.

Uliniuliza namfundisha vipi Awuor. Namsikiliza. Tunakaa kwenye vibenchi vyake viwili vya wateja, kimoja kinayumba, tunapokezana hicho.

Niandikie, tafadhali.

Mwanao,
Zena


Dagoretti Corner
26 Aprili 2026

Shangazi yangu,

Assalaam aleikum. Natumai u mzima. Mimi ni mzima, na mikono yako naibusu kwa machozi, usishangae karatasi ikiwa na madoa.

Nilingoja jibu lako. Leso ambazo Abdulfatah humtumia Twahir zilikuja, nikazifungua moja moja, hakuna barua. Zikaja tena, hakuna. Nikakupigia simu, ukasema kwa sauti ya kukwaruza "niko salama, nenda kazini," ukakata. Nikaenda kazini. Nimekaa kwenye kiti kinachozunguka, watu wananisifu, nami kila jioni narudi nikidhani nimeuza radhi ya mama yangu wa pili. Awuor aliniambia, "Auntie akikasirika angekutusi. Huyu amenyamaza, kuna kitu anapika." Sikumwamini.

Ijumaa Twahir akaniita dukani. Furushi limefika, refu, limeshonewa ndani ya kitambaa cha pazia, kile kile nilichokipima mimi mwenyewe mwaka jana. Nikakikata nikitafuta barua. Nikakung'uta kitambaa, nikatazama ndani na nje. Hakuna hata neno moja, na wewe ndiye uliyenifunza kwamba la maana huandikwa.

Ulikuwa mkeka. Nikaona pembe ile iliyoungua.

Kwanza moyo wangu ulipasuka. Nilidhani umenifukuza, umenitolea vitu vyangu nje. Nililia pale mbele ya wateja mpaka Twahir akafunga mlango wa duka. Akampigia Abdulfatah amuulize. Abdulfatah akasema chuoni kuna mkeka mpya, na Rukia ndiye aukaliaye, uliukung'uta mwenyewe ukamketisha. Akasema ulipompa furushi alikuuliza kama hakuna barua, ukamjibu, "Aliniandikia kwamba wanakaa kwenye benchi linaloyumba. Mwalimu hakai kwenye benchi." Basi hapo nikaelewa, Shangazi. Nikalia upya, kilio kingine kabisa. Ulikuwa wataka mwalimu, nami nilidhani wanitaka Mombasa.

Nimeuweka chini ya dirisha letu hapa chumbani, nafasi ni ndogo, pembe iliyoungua inagusa jiko. Leo Jumapili Awuor karudi kanisani na wenzake wawili wa Kenyatta Market, Veronicah na Selpher, wasusi kama yeye. Wamesikia habari za zamu wakazitaka na wao. Awuor akaukanyaga mkeka na viatu. Nilimpigia ukelele akaruka, kisha akavivua akaviweka mlangoni, na wenzake wakavua bila kuambiwa. Tukaketi.

Awuor alikuwa tayari. Alikuwa ameihifadhi programu yake yote, akaanza kunisomea kutoka mstari wa kwanza, haraka haraka, kwa mahadhi, bila kukosea hata mahali pamoja. Wenzake wakampigia makofi. Mimi nikangoja atulie. Nikamwambia aweke simu chini, nikaweka kidole changu kwenye karatasi yake.

"Vizuri," nikamwambia. "Sasa anzia katikati."

Mwanao,
Zena